Ridhaa ya Watu Wazima Katika Ndoa: Haki ya Mtoto, Nafasi ya Walii na Kanuni za Nchi Tunazoishi

Bismillahi Rahmani Rahim. Tunamshukuru Mwenyezi Mungu aliyetufikisha tena katika mwezi mtukufu wa Ramadhani, akatupa nguvu za kufunga mchana wake na kusimama usiku wake. Tunamuomba amteremshie rehema na amani Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), Ahli zake na Masahaba zake. 

Amma baad. Darsa yetu ya leo inahusu jambo ambalo huzungumzwa sana majumbani mwetu katika mwezi huu, lakini kwa sauti ya chini. Desturi yetu watu wa pwani ni kuziweka harusi nyingi Mfunguo Mosi, na desturi hiyo ina mashiko, kwani Bibi Aisha (R.A.) ameeleza, katika Hadithi iliyopokewa na Imamu Muslim, kwamba aliolewa katika mwezi wa Shawwal. Kwa hivyo Ramadhani ndio wakati wa posa kujibiwa. Nyumba nyingine hujibu kwa furaha. Nyumba nyingine hutokea msiba usiokuwa na maiti: binti ana miaka 27, amesoma, anafanya kazi, amepata mtu anayemridhia kwa dini na tabia, na baba amesema hapana. Au kijana wa kiume amechagua, na mama amesema akimuoa huyo asimwite mama tena.

Hapo huulizwa masuala mawili ambayo watu huyachanganya. La kwanza: je, kanuni ya nchi inampa mtu mzima haki ya kuoa au kuolewa ijapokuwa jamaa zake hawataki? La pili: je, dini inasemaje? Tutayajibu yote mawili, moja baada ya jingine, kisha tutatazama namna ya kuyakutanisha bila ya kuvunja ndoa wala kuvunja ukoo.

Kanuni ya nchi inavyosema

Tuanze na Uingereza, kwa kuwa wengi wetu tunaishi hapa. Katika England na Wales, tangu tarehe 27 Februari 2023, umri wa chini wa kuoa na kuolewa ni miaka 18, kwa mwanamume na mwanamke. Kabla ya hapo aliyekuwa na miaka 16 au 17 aliweza kuoa kwa idhini ya wazazi. Mlango huo umefungwa, na umefungwa hata kwa nikaha ya msikitini au ya sebuleni: mwenye kupanga ndoa ya mtoto aliye chini ya miaka 18 anatenda kosa la jinai, hata kama ndoa hiyo haikuandikishwa serikalini. Uskoti ina kanuni zake, na huko umri bado ni miaka 16.

Mtu akishatimiza miaka 18, kanuni ya England na Wales haimuulizi baba, haimuulizi mama, haimuulizi ami wala kaka. Haimjui walii. Inawauliza wawili tu: wewe unaridhia? Na wewe unaridhia? Wanaotaka kufunga ndoa ya serikali huenda wenyewe, ana kwa ana, kwa msajili wa wilaya wanayoishi, baada ya kuwa wamekaa katika wilaya hiyo siku saba au zaidi, wakatoa ilani. Ilani hiyo hubandikwa hadharani siku 28 ndipo ndoa ifungwe. Kwa baadhi ya wageni wasiokuwa na ukaazi wa kudumu, muda huo unaweza kurefushwa hadi siku 70.

Mtu anaweza kuweka pingamizi kwa msajili katika muda huo, lakini lazima pingamizi liwe la kisheria: kwamba mmoja wao tayari yumo ndani ya ndoa nyingine, au umri haujatimia, au ni maharimu, au mmoja wao hana akili ya kuridhia, au analazimishwa. Kusema kwamba bwana harusi si wa kabila letu, au hana nasaba, au hatujui kwao, si pingamizi. Na anayeweka pingamizi la upuuzi anaweza kutakiwa alipe gharama na fidia.

Upande wa pili wa kanuni hiyo hiyo ni kwamba mtu mzima hawezi kuozwa asiyemtaka. Tangu mwezi wa Juni 2014, kumlazimisha mtu kuolewa au kuoa ni jinai katika England na Wales, na adhabu yake yaweza kufika kifungo cha miaka saba. Kulazimisha si kupiga tu. Vitisho vimo, na shinikizo la namna nyingine yoyote limo. Kumdanganya binti kwamba anakwenda Mombasa au Unguja kumtazama bibi mgonjwa, kumbe anakwenda kuozwa kwa nguvu, ni kosa kamili hata kama nikaha inafungwa huko. Aidha, sheria ya 2007 inamwezesha mwenye kuhofia kulazimishwa aombe amri ya mahakama ya kumlinda, na mahakama yaweza kuamuru pasi yake irudishwe au asisafirishwe. Serikali ina kitengo maalumu cha kushughulikia ndoa za kulazimishwa, na mtu huweza kukipigia simu kuomba ushauri tu, bila ya kumshtaki mtu yeyote.

Ndugu zetu walioko Oman nao wasidhani kwamba jambo hili ni la Wazungu. Sheria ya mambo ya familia ya Oman, iliyotolewa kwa Amri ya Sultani nambari 32 ya 1997, katika kifungu chake cha 10 inasema kwa maana kwamba aliyetimiza miaka 18 akataka kuoa au kuolewa, na walii wake akakataa kumuoza, anaweza kulipeleka shauri lake kwa kadhi. Kadhi humpa walii muda aje aeleze hoja yake. Asipokuja, au akija na hoja isiyokubalika, kadhi humuoza. Na tangu 2023, kwa Amri ya Sultani nambari 23, Muomani anayetaka kuoa au kuolewa na mgeni hahitaji tena kile kibali cha serikali kilichokuwa kikisubiriwa kwa miaka mingi.

Na huko kwetu? Katiba ya Kenya ya 2010, katika ibara ya 45, inampa kila mtu mzima haki ya kuoa au kuolewa na mtu wa jinsia nyingine kwa ridhaa huru ya wote wawili. Sheria ya Ndoa ya 1971 ya Tanzania Bara inataka idhini ya mzazi kwa binti aliye chini ya miaka 18 tu. Na umri huo mdogo wenyewe ulipingwa mahakamani: Mahakama Kuu ilitoa hukumu mwaka 2016 kwamba vifungu hivyo vinakwenda kinyume na Katiba, na Mahakama ya Rufani ikaithibitisha mwaka 2019. Zanzibar haimo katika sheria hiyo. Ndoa za Waislamu huko ni kazi ya Mahakama ya Kadhi.

Kwa hivyo jibu la suala la kwanza ni fupi. Mtu mzima ana haki hiyo, na mzazi hana kura ya kuizuia.

Dini inavyosema

Hapa ndipo baadhi ya vijana wetu husimama mapema mno. Husema, "Kanuni imeniruhusu, basi yamekwisha." Hayajaisha. Msajili anakupa cheti, hakupi nikaha. Madhehebu ya Imamu Shafi, yaliyoenea katika pwani yetu tangu Barawa hadi Ngazija, yanamhesabu walii wa mwanamke kuwa ni nguzo miongoni mwa nguzo za ndoa. Ibadhi nao, ambao ni ndugu zetu wa Oman na Unguja, wanamtaka walii. Maliki na Hanbali vivyo hivyo. Ushahidi wao ni Hadithi mashuhuri iliyopokewa na Abu Daud na Tirmidhi, yenye maana kwamba hapana ndoa ila kwa walii. Imamu Abu Hanifa peke yake katika maimamu wanne aliona kwamba mwanamke baleghe mwenye akili anaweza kujifungia ndoa mwenyewe, na walii akabaki na haki ya kulalamika mbele ya kadhi ikiwa mume si kufu yake. Ama mwanamume mzima, hana walii katika madhehebu yoyote. Mama yake ana haki ya wema na heshima. Hana mamlaka juu ya nikaha yake.

Lakini upande wa wazazi nao baadhi yetu husimama mapema mno. Husema, "Mimi ndiye walii, basi neno langu ndilo la mwisho." Walii hakuwekwa awe mfalme. Amewekwa awe mlinzi, na mlinzi akimzuilia haki yake yule anayemlinda, wanavyuoni wamekipa kitendo hicho jina: adhli. Maana yake ni walii kumzuia mwanamke asiolewa na kufu yake aliyemridhia, bila ya sababu inayokubalika kisheria. Nalo ni jambo lililokatazwa katika Qur'ani yenyewe, katika aya ya 232 ya Sura Al-Baqara.

Aya hiyo ina kisa, nacho kimepokewa na Bukhari. Sahaba Maaqil bin Yasar (R.A.) alimuoza dada yake kwa mtu mmoja. Mtu yule akamwacha mpaka eda ikesha, kisha akaja kumposa tena. Maaqil akaghadhibika: tulikuheshimu, tukakuoza, ukamwacha, na leo unarudi! Akaapa kwamba hatamrudishia. Na yule mtu hakuwa mtu mbaya, na dada yake alitaka kurudi. Ikateremka aya inayowakataza mawalii kuwazuia wanawake wasiolewe na waume zao ikiwa wameridhiana kwa wema. Maaqil alipoisikia aliacha kiapo chake, akamuoza.

Tukizingatie kisa hiki, kwani hasira ya Maaqil haikuwa ya kipumbavu. Alikuwa na sababu ambayo wengi wetu tungemwelewa. Alivunjiwa heshima. Hata hivyo Mwenyezi Mungu hakuifanya heshima ya kaka kuwa nzito kuliko ridhaa ya dada.

Na kwa upande wa kulazimishwa, Bukhari amepokea kisa cha Khansa binti Khidam (R.A.), aliyeozwa na baba yake naye hataki, akaenda kwa Mtume (S.A.W.), na Mtume akaivunja ndoa ile. Na wamepokea Nasai na Ibn Majah kisa cha msichana aliyekuja kushtaki kwamba baba yake amemuoza kwa mtoto wa ndugu yake ili ajipandishie cheo. Mtume alipomwachia yeye khiari, alisema kwamba amekwisha kulikubali alilolifanya baba yake, ila alitaka wanawake wajue kuwa akina baba hawana mamlaka hayo. Karne kumi na nne zimepita, na msichana huyo bado anafundisha.

Ni wajibu wetu wa uaminifu tuseme kwamba vitabu vya Kishafi vina mlango uitwao ijbari, ambao ndani yake baba au babu mzaa baba ameruhusiwa kumuoza binti bikira bila ya kumuuliza. Lakini wanavyuoni hao hao waliuzungushia mlango huo masharti: pasiwe na uadui baina ya baba na binti, mume awe kufu, awe na uwezo wa mahari. Na wakasema kwamba kumuuliza ndiyo sunna, kwani Hadithi sahihi ya Bukhari na Muslim inaamrisha bikira atakwe idhini, na ikakifanya kimya chake kuwa ndio idhini, kwa haya yake. Kimya cha haya si kimya cha hofu. Binti anayelia chumbani hakuridhia. Na kwa kuwa ruhusa si wajibu, hapana Mwislamu anayepata dhambi kwa kuuacha mlango huo umefungwa. Na katika nchi ambayo kuufungua ni jinai, imamu mwenye busara haukaribii.

Kufu, kabila na rangi

Sasa tufike pale panapouma. Sababu nyingi za kukataa katika jamii zetu hazihusu dini wala tabia. Zinahusu asili. Huyu ni wa bara. Huyu mweusi mno. Huyu babu yake alikuwa mtumwa wa babu yetu. Huyu ni Msomali, huyu Mmakonde, huyu Mzungu aliyesilimu juzi. Tumevuka bahari, tumebadilisha nchi na pasi, na mzigo huu tumeubeba bila ya kuushusha.

Yupo atakayesema kwamba nasaba imo katika kufu kwa mujibu wa Shafi. Ni kweli imo. Imamu Malik aliitazama zaidi dini, na Shafi wakaongeza nasaba, kazi na mengineyo. Lakini wote wanaoitaja wanakubali kwamba kufu ni haki ya mwanamke na walii wake, wanayoweza kuisamehe. Haikuwa sharti la kusihi kwa ndoa. Na tumtazame Mtume (S.A.W.) mwenyewe aliitumiaje. Fatima binti Qays (R.A.), Mkureshi, alipomjia kutaka shauri juu ya waliomposa, Mtume alimshauri aolewe na Usama bin Zayd, ambaye baba yake alikuwa mtumwa aliyeachwa huru. Mwanzo hakupendezwa, kisha akamtii Mtume, na akaeleza kwamba Mwenyezi Mungu alimjaalia kheri katika ndoa hiyo. Kisa hiki kimo katika Sahihi Muslim. Na Tirmidhi amepokea Hadithi yenye maana kwamba akija mwenye dini na tabia ya kuridhisha aozwe, na isipofanywa hivyo itakuwa fitina na uharibifu katika ardhi.

Fitina hiyo tunaiona. Binti anayekataliwa kila mchumba mpaka anafika miaka 40. Kijana anayekwenda kuishi na mwanamke bila ya ndoa kwa kuwa ndoa imezuiliwa. Mjukuu asiyemjua bibi yake.

Sisi watu wa Zanzibar tunayo pia historia inayopaswa kutufanya waangalifu. Mwezi wa Septemba 1970 wasichana wanne wenye asili ya Kiajemi waliozwa kwa nguvu kwa wakubwa wa Baraza la Mapinduzi, na jamaa zao wanaume waliojaribu kupinga wakatiwa mbaroni. Jambo lile lililaaniwa ulimwenguni. Wenye umri mkubwa miongoni mwetu wanaikumbuka hofu iliyoingia majumbani mwenye wasichana. Walioamrisha walidai kwamba wanavunja ubaguzi wa rangi. Ubaguzi ni uovu, ila hauvunjwi kwa kumtwaa binti wa mtu asiyetaka. Mafunzo yake ni mawili: serikali haina haki ya kumuoza mtu kwa nguvu ili asiwe mbaguzi, na mzazi hana haki ya kumzuia mtu kwa nguvu ili abaki mbaguzi. Katikati ya yote mawili ipo ridhaa.

Sababu zinazosikilizwa

Tusije tukafahamika kwamba kila mzazi anayekataa ni dhalimu. Mzazi anaweza kuwa ameona asichokiona aliyependa. Mchumba aliyempiga mke wake wa kwanza, mwenye madeni aliyoyaficha, mlevi, mwenye mke mwingine aliyemficha, asiyeswali, anayetafuta viza. Hizi ni sababu, na mtoto azisikilize kwa moyo mweupe. Mzazi naye azilete kwa ushahidi, si kwa fununu za kwenye simu. Mpimo wetu ni huu: sababu inayomhusu mchumba mwenyewe, kwa dini yake na mwenendo wake, ina uzito. Sababu inayohusu watu watasema nini, haina.

Njia ya kufuata

Walii akikataa, hatua ya kwanza ni kumwomba aeleze sababu yake wazi. Wengi hawajawahi kuulizwa kwa adabu, na wengine wakitamka sababu yao wenyewe huisikia ilivyo nyepesi. Hatua ya pili ni kutia watu wa kati: shangazi, mjomba, mzee anayeheshimiwa, imamu. Wapewe muda, lakini muda wenye mwisho. Hatua ya tatu, ikithibiti kwamba hapana sababu, ni kulipeleka jambo kwa mwanachuoni anayeaminika, naye amwite walii na kumsikiliza. Ikithibiti adhli, walii huyo haki yake imeanguka. Shafi wanasema kadhi ndiye atakayemuoza binti, kwa mujibu wa Hadithi kwamba mawalii wakizozana, mtawala ndiye walii wa asiye na walii. Na pasipokuwa na kadhi wa Kiislamu, kama hapa Uingereza, wanavyuoni wameruhusu wanandoa wamfanye mtu mwadilifu kuwa hakimu wao, afunge ndoa yao. Kwa hivyo msichana hana haja ya kutoroka, wala kumtafuta mtu wa mtaani anayefunga ndoa kwa malipo bila ya kuuliza.

Hatua ya nne, nayo tunaisisitiza sana, ni ndoa ya serikali. Nikaha peke yake katika England na Wales, ikiwa haikufungwa katika jengo lililosajiliwa kwa ndoa na kwa utaratibu uliowekwa, haitambuliwi na mahakama kuwa ni ndoa. Mahakama ya Rufani ilitoa hukumu hiyo mwezi wa Februari 2020. Maana yake ni nzito: mume akiondoka, mke hawezi kudai nyumba, pensheni wala matunzo kama mke aliyeachwa, hata kama wameishi pamoja miaka 20. Na anayeathirika zaidi ni yule aliyeolewa kwa siri, kinyume na jamaa zake, kwani mume akimtupa hana wa kumrudia. Haki ya kuolewa bila ya ridhaa ya jamaa iambatane na cheti. Asiyekubali kuandikisha ndoa, naye hana kizuizi chochote, mwenye kuposwa na ajiulize kwa nini.

Masuala yaliyoandikwa na wasikilizaji

Suala la kwanza: Baba yuko Pemba, hajakataa, lakini hawezi kusafiri. Nifanyeje?

Hapa hapana ugomvi. Baba anaweza kumwakilisha mtu, ndugu yako au imamu, amwozeshe kwa niaba yake. Uwakala huo uthibitishwe kwa maandishi au kwa mashahidi waliomsikia, ili pasitokee ubishi baadaye. Na siku ya kuandikisha mbele ya msajili mtamkumbuka baba na mama pia: tangu Mei 2021 vyeti vya ndoa vya England na Wales huandikwa majina ya wazazi wote wawili, ambapo kabla yake liliandikwa la baba tu.

Suala la pili: Mimi ni mwanamume. Mama ameapa kuniachia radhi nikimuoa ninayemtaka. Je, nitalaaniwa?

Kumtii mama ni ibada, na radhi yake ni hazina. Kwa sababu hiyo hasa haifai ichezewe. Tazama kwanza kama ana sababu ya kweli. Ikiwa anayo, mwanachuoni na watu wazima wenye hekima watakusaidia kuipima, na huenda ukaona bora uache. Ikiwa hana ila kabila au rangi, basi kumuoa mwanamke mwema hakukufanyi kuwa umeasi, na Mwenyezi Mungu hajibu dua ya dhulma, kwani Muslim amepokea Hadithi kwamba dua ya mja hukubaliwa maadamu hakuomba dhambi wala kukata udugu. Lakini usimkate mama. Endelea kumpigia simu asipopokea, mpelekee matumizi, mtumie salamu za Idi. Wajibu wako kwake haukomi kwa kuwa amekasirika.

Suala la tatu: Mimi ni mzazi. Binti yangu ameamua. Je, nisipohudhuria wala kutoa pesa ya harusi nitashtakiwa?

La. Kanuni haimlazimishi mzazi kufurahi, kuhudhuria, wala kugharimia. Unaweza kumwambia binti yako kwamba hukubaliani naye, ukamweleza sababu zako. Usichoweza ni kumtisha, kumfungia, kumnyang'anya pasi yake, kumfuata kazini au kuwatuma kaka zake wamtie adabu. Hayo yana polisi. Hata hivyo tunakuomba, baba yetu, ufikirie mbali kuliko siku ya harusi. Kutohudhuria ni saa tatu. Mjukuu kukujua ni umri wote. Ukiwa umemshauri na hakusikia, umetimiza wajibu wako. Nenda ukamuoze wewe mwenyewe kwa mkono wako, ndipo mume wake atakapojua kwamba nyuma ya mke huyu yupo mtu.

Tunamuomba Mwenyezi Mungu azipokee saumu zetu, azitie mapenzi na rehema nyumba zetu, awape vijana wetu wake wema na waume wema, na awape wazee wetu macho ya kurudi kuwaona watoto wao waliowakosa. Walioko katika hofu usiku huu, awafungulie njia. Waliotangulia mbele ya haki, awasamehe. Amin.